Aliiba Nyumbani

Siku ile mjinga nilikuwa mimi. Nasema mapema ili msihangaike kumtafuta, maana sebule ya Mama Joyeuse ilikuwa na watu kadhaa waliochoka, na yeyote kati yao angeweza kushukiwa. Précieux ndiye aliyefoka. Fabrice ndiye aliyekaa kimya kama gunia la mchele. Lakini ujinga ulikuwa wangu, niliutoa mwenyewe Flemingdon Park, nikauvalisha suti na tai, nikaupeleka Crescent Town kuomba mchumba.

Nilikwenda kama msemaji wa upande wa mwanamume. Cheo hicho hapa Toronto hakigombaniwi. Kwetu Uvira mtu angechaguliwa kwa mvi zake na utulivu wake. Hapa anachaguliwa aliyepata Jumamosi ya mapumziko. Mimi hata hiyo sikuipata. Nilikuwa nimetoka kuendesha basi la wafanyakazi wa kiwanda cha mikate, zamu ya usiku, nikasinzia kidogo kwenye kiti, nikaamshwa na Mama Fabrice akipiga mlango kwa kiganja.

"Déo, umevaa?"

"Nimevaa tangu jana."

"Hata huo uso?"

Yeye naye alikuwa ametoka zamu. Anafua mashuka ya hospitali, na mikono yake inanuka dawa ya kufulia hata akiipaka mafuta ya aina gani. Tunakaa jengo moja, ghorofa moja, milango yetu inatazamana. Alipofika nchi hii na mtoto wake na mabegi mawili, mimi ndiye niliyewapokea. Si kwa wema. Lifti ilikuwa imekufa, nami nilikuwa nimekaa kwenye ngazi nikitafuta pumzi, wakanikuta njiani. Tangu siku hiyo Fabrice ananiita Tonton, yaani mjomba, kwa hiyo ujomba wangu umetokana na lifti mbovu.

"Wewe una mdomo," Mama Fabrice aliniambia aliponipa kazi ile. "Umetusumbua nao miaka yote hii. Leo ututumikie."

Kazi yenyewe ilikuwa na shimo katikati, na wote tuliliona. Kwa desturi yetu, mkifika kuomba mchumba, mnaulizwa: kijana huyu ni wa nani? Hapo msemaji husimama akataja watu. Baba yake fulani, babu yake fulani, walitoka kilima gani, wameoleana na nani. Ndiyo sehemu tamu ya siku. Watu husahihishana, wakagundua kwamba shangazi wa huyu alimnyonyesha mtoto wa yule, wakaanza kulia. Fabrice hana wa kutajwa. Baba yake alitoka asubuhi moja kwenda soko la Kalehe, vita vikaingia katikati, na ndugu waliokwenda kumtafuta nao hawakurudi. Mama Fabrice hasemi zaidi ya hapo, na mimi, pamoja na mdomo wangu wote, sijawahi kumuuliza.

Na aliyekuwa kwenye kiti cha kuuliza ni Précieux, baba mdogo wa Joyeuse, binti tuliyemwendea. Baba mzazi alishafariki, kwa hiyo Précieux ndiye anayeshika mlango. Ni mtu anayekata kuku kiwandani siku sita kwa wiki, bega lake moja limepanda juu ya jingine, na kitu pekee ambacho Kanada haijafanikiwa kumchosha nacho ni ukoo. Mkwe wa kwanza wa nyumba ile, mume wa dada yake Joyeuse, nilimletea ndugu zake kwa basi zima, na Précieux aliwapokea mlangoni mmoja mmoja kama anavishwa medali. Safari hii alikwisha kutangaza kanisani: "Sisi hatutoi binti kwa mtu asiye na watu." Fabrice alikuwa hatua tatu nyuma yake, anapanga viti.

Kwa hiyo mzigo wa siku ulikuwa huo tu. Joyeuse alimtaka Fabrice, Fabrice alimtaka Joyeuse, na Joyeuse alikuwa amesema hataolewa kwa kutoroka, atatoka kwa baraka ya nyumba yao au hatatoka kabisa. Précieux akikataa, yamekwisha.

Tukiwa ndani ya gari, Fabrice kwenye usukani, nikawaambia nimepata dawa.

"Nitataja timu," nikasema.

Hapa inabidi nieleze. Chuo kikuu alichosoma Fabrice kilikuwa na timu ya besiboli, na kampuni yangu ndiyo iliyowakodisha basi. Kila vuli niliwabeba. Kwenda Kingston kufungwa, kwenda Ottawa kufungwa, kurudi usiku kila mmoja amelala juu ya bega la mwenzake. Kocha wao, mzee mwenye goti bovu, alikaa kiti cha nyuma yangu akanisimulia historia ya timu ili asilale. Au ili nisilale mimi. Mwisho nikaijua historia ile kuliko ya ukoo wangu mwenyewe.

Fabrice alinitazama kwenye kioo. "Tonton, tafadhali. Usilete besiboli pale."

"Kwa nini?"

"Hawataelewa."

"Wewe ulitoka Kalehe ukaelewa."

"Nilikuwa mtoto."

"Basi Précieux nitamweleza polepole."

Tukavuka taa mbili. Kisha akasema, kwa ile sauti yake ya kuongea na viatu: "Ukifika pale pa mwisho, usiseme niliiba. Sema niliwahi. Sema nilifika mbio. Tafuta neno lolote, Tonton, lakini si hilo."

"Mwanangu, nimeendesha basi kwenye barafu. Nitashindwa na neno?"

Mama yake, kiti cha mbele, alikuwa amelala mdomo wazi. Angekuwa macho angegeuza gari.

Lifti ya jengo lao ilikuwa inafanya kazi, jambo lililonipa matumaini ya bure. Fabrice siku hizi ni fundi wa lifti. Aliegemea ukuta akaisikiliza ikipanda kama daktari anavyosikiliza kifua, akatikisa kichwa. "Hii haifiki Krismasi," akasema. Ndiyo sentensi ndefu ya mwisho aliyoitoa kwa muda mrefu, kwa sababu kwa desturi mchumba haongei. Anakaa, anatazama zulia, anauzwa.

Mama Joyeuse, jina lake Généreuse, alitufungulia akiwa bado na viatu vyake vyeupe vya kazini. Anatunza wazee, kutwa nzima anainua watu wazito kuliko yeye, anawageuza, anawakalisha, anawafuta. Alitusalimu kila mmoja kwa mikono miwili, akaenda kukaa kiti cha kona, akaegemeza kichwa ukutani, akafumba macho. Nikadhani anaomba. Alikuwa anapumzika. Jikoni kulikuwa na sombe, yaani kisamvu, na dagaa tunaowaita ndagala, na harufu ilikuja kukaa katikati yetu kama mgeni wa heshima, ila tusingeonja kitu mpaka tukubaliwe. Joyeuse alikuwa chumbani kama inavyotakiwa, mlango umeachwa wazi kidogo. Tuliona kidole kimoja cha mguu chenye rangi nyekundu.

Précieux alianza vizuri, sitamnyima haki yake.

"Mmekuja kwetu au mmepotea njia?"

"Tumekuja kwenu, Papa. Tungepotea, tungepotelea mahali penye maegesho."

"Na hiyo suti, Déo, umeiazima au umeirithi?"

"Nimeioa. Ni ndoa ya zamani, ndiyo maana inanibana."

Akacheka mpaka bega lake la juu likashuka. Hiyo nayo ni sehemu ya kazi, pande mbili kuchokozana kabla ya kukubaliana, na kwa hilo mimi sihitaji usingizi. Tulichokozana juu ya gari la Fabrice, juu ya mkate ambao wafanyakazi wake nawabeba lakini wenyewe siletewi, juu ya kuku ambao Précieux hawezi tena kuwala. Mama Fabrice alianza kulegeza mkono kwenye mkoba wake. Kisha Précieux akaketi wima.

"Haya. Kijana tunamwona. Amenyolewa vizuri, anasinzia kanisani kama sisi wote. Lakini ni wa nani? Watu wake ni akina nani?"

Mkono wa Mama Fabrice ukaukamata mkoba upya. Nikainuka.

"Papa Précieux, watu wa kijana huyu ni wengi, na wote wamechoka."

"Tunafanana basi. Endelea."

"Babu wa ukoo wao anaitwa Amyn. Mwismailia wa Mwanza, wazazi wake walikuja hapa zamani na masanduku machache. Aliingia chuo kikuu kusomea ufamasia. Wanafunzi wenzake wakawa wanaanzisha timu ya besiboli, wakamchukua na yeye, ingawa mchezo huo hakuwahi kuuona. Kwao alicheza kriketi. Alishika gongo kama anafagia uwanja."

"Sasa walimchukulia nini?"

"Alikuwa na gari."

Précieux akatikisa kichwa kukubali. "Hiyo ni sababu."

"Timu ilianza hivyo, gari la Amyn na wengine kwenye basi la umma, magongo yamechomoza madirishani. Chuo hakikuwajua. Hawakupewa uwanja, walicheza bondeni, kwenye kiwanja cha manispaa kando ya barabara kuu, na kabla ya mchezo kila mtu alipewa koleo azoe mavi ya bata bukini. Nahodha pia."

Kidole chekundu kule mlangoni kikacheka. Sijui kidole kinachekaje, lakini nilikisikia.

"Jezi zilikuwa seti moja tu, zikarithiwa. Anayemaliza masomo anafua, anamvisha anayeingia. Namba zikabanduka. Aliyekuwa nane akabaki tatu, na tatu mwenyewe bado yupo, kwa hiyo akina tatu wawili wakawa wanacheza na mwamuzi anamlaumu mmoja. Na msimu wao, Papa, ni vuli tu, kwa sababu kiangazi wanafunzi wanakwenda kutafuta kazi. Mchezo wa jua, wao wanaucheza kwenye upepo wa Oktoba. Chuo kiliwafuta mara mbili. Mara zote mbili walijifanya hawajasikia."

"Walishinda lakini?"

"Mara chache. Iko miaka hawakushinda hata mchezo mmoja. Niliwaendesha, nawajua. Lakini hakuna mwaka ambao hawakwenda."

Précieux aliangalia mikono yake. Vidole vyake haviwezi kunyooka vyote, vimeshika kisu muda mrefu.

"Hakuna mwaka ambao hawakwenda," akarudia taratibu, kama anajisemea.

"Na yule babu Amyn, sasa ni mzee wa fimbo, kila mchezo wa kwanza wa mwaka anafika na ndoo ya sambusa. Anasimama nyuma ya wavu. Wachezaji wote wanamwita babu, na yeye anamjua kila mmoja kwa jina na kwa udhaifu wake. Ukimuuliza babu huyo habari za Fabrice, atakuambia: huyo hawezi kupiga mpira hata ukiufunga kwa kamba, lakini usimpe nafasi ya kukimbia. Hao ndio watu wake, Papa. Hawana kilima. Wana kiwanja chenye mavi ya bata. Lakini walimpokea akiwa hana mtu, wakamvisha jezi ya mtu aliyemtangulia."

Généreuse kwenye kona alifumbua jicho moja, akamtazama Fabrice, akalifumba tena. Mama Fabrice alikuwa anajifuta pua. Précieux aliacha kukaa wima, na kwa Précieux hiyo ni nusu ya ndiyo.

Mtu mwenye akili angekaa chini. Sombe ilikuwa tayari, nyoyo zilikuwa tayari. Lakini mimi nikiona watu wanacheka na kulia kwa kauli yangu huwa kama dereva aliyepata taa za kijani mfululizo; breki naiona, mguu hauendi.

"Na mwisho wa historia hiyo," nikasema, "yumo kijana wenu. Siku moja ya Oktoba, mvua, uwanja ni tope. Timu mbili ziko sare, zamu ya mwisho. Fabrice ameshafika kituo cha tatu, na mbele yake kimebaki kituo kimoja tu, kile wanachokiita nyumbani. Ukikigusa, umeleta ushindi. Mimi niko kwenye mlango wa basi, nimewasha joto. Kocha anaomba Mungu wake. Yule wa timu pinzani anayetupa mpira anageuka kidogo, anapulizia vidole vyake vilivyoganda. Na Fabrice..."

Nikangoja. Najua kuwasubirisha watu.

"Fabrice akaiba nyumbani. Ndivyo wanavyosema wenyewe. Katika historia yote ya timu ile, yeye peke yake ndiye aliyeiba nyumbani."

Nilitegemea vigelegele. Nilichokisikia ni sufuria ikichemka jikoni.

Fabrice aliinua macho kutoka kwenye zulia akanitazama, na hakukuwa na hasira ndani yake, kulikuwa na uchovu tu, kama mtu aliyeona maji yakipanda tangu asubuhi. Ndipo nilipokumbuka.

Yule mkwe wa kwanza. Asubuhi moja Généreuse alirudi kutoka zamu akakuta nyumba nyeupe. Binti yake mkubwa yuko kazini, na mume hayupo, wala televisheni, wala magodoro, wala mapazia. Sufuria ya maharage iliyokuwa juu ya jiko ilikwenda na maharage yake. Watu wakasema yuko Calgary, wengine wakasema Montréal. Kanisani hakuna aliyesema ametoroka au amemwacha mke. Ilisemwa kwa maneno mawili, aliiba nyumbani, na kila mtu akajua ni nani na ni nyumba gani. Maneno hayo yakawa ndiyo jina lake. Tulichangishana vyombo. Lile kochi la kijani nililokuwa nimeinukia, lenye tofali badala ya mguu mmoja, nililipandisha mimi mwenyewe, mimi upande huu na Fabrice upande ule, siku ambayo lifti yao ilikuwa mbovu. Nilikuwa nimekalia ushahidi.

"Rudia," Précieux akasema.

"Papa, ni lugha ya mchezo."

"Rudia ulichosema ndani ya nyumba hii."

Sikurudia. Badala yake nikafanya kosa la pili, nikaamua kufundisha. Nikachukua vikombe vinne kutoka kwenye meza, nikavipanga juu ya zulia. Hiki kituo cha kwanza, hiki cha pili, hiki cha tatu, hiki nyumbani. Nikapiga magoti na suti yangu. Précieux alivitazama vikombe kama polisi anavyotazama ajali.

"Kwa hiyo yuko hapa," akasema akionyesha kikombe cha tatu.

"Hapo."

"Na anatakiwa kungoja mwenzake apige mpira ndipo aende."

"Kwa kawaida, ndiyo."

"Hakungoja."

"Hakungoja."

"Mwenye nyumba anaangalia pembeni, anapuliza vidole. Huyu anaingia."

"Ukiiweka hivyo..."

"Ni wewe uliyeiweka. Vikombe ni vyako. Déo, huo ni wizi. Hata kwa vikombe ni wizi."

"Tonton," Fabrice akasema, akivunja desturi, "simama tu."

Précieux akamgeukia. "Na wewe unasemaje?"

Fabrice alifikiri kwanza. Huwa anafikiri kabla ya kuongea, ndiyo maana tunamwona mgeni. "Sikuchukua kitu, Papa. Nilifika tu."

"Hata yule alisema hakuchukua kitu. Alimwambia shemeji yangu huyu kwa simu kwamba vitu vilikuwa vyake." Sauti ya Précieux ilipanda, kisha ikakosa nguvu njiani, maana alikuwa amesimama kiwandani tangu alfajiri. Akaendelea akiwa ameegemea lile kochi. "Mnajua nilifanya nini siku ile? Niliomba ruhusa kazini nikaja hapa na mifuko ya plastiki, nikamkuta mwanamke huyu amekaa sakafuni na viatu vyake vyeupe. Hakulia. Aliniuliza, Précieux, leo nitapikia nini? Sasa wewe unaniletea kijana asiye na baba, asiye na mjomba, unanitajia Mhindi wa sambusa na bata, nikasema sawa, hawa wana roho. Halafu sifa yake kubwa ni hiyo?"

"Kochi unaloliegemea alilibeba nani?" Mama Fabrice akauliza. Hakupaza sauti.

"Tunashukuru. Mbeba kochi si mume."

"Na timu hiyo," Précieux akanigeukia mimi, "iko wapi? Ituthibitishie. Wako wapi hao watu wake?"

Ningeweza kudanganya. Nilikuwa nimepiga magoti katikati ya vikombe, na uongo mtu huuweza zaidi akiwa amesimama. "Imefungwa, Papa. Mwaka juzi. Mara ya tatu walipofutwa hawakujifanya tena hawajasikia. Kocha alirudi kwao. Jezi sijui ziko wapi."

"Kwa hiyo hata ukoo wa kuazima umekufa."

Hapo Joyeuse akatoka chumbani. Yeye ni wa hapa hapa. Kiswahili anakisikia chote, mpaka matusi, lakini kujibu anajibu Kiingereza, na safari hii alijibu haraka na kwa mkono. Alimwambia baba mdogo kwamba ni jina tu la mchezo, kila mtu katika nchi hii analijua, linachapishwa magazetini, na kwamba ni aibu kumhukumu mtu kwa maneno ya Tonton Déo. Hilo la mwisho nililielewa vizuri kuliko yote.

"Unaona," Précieux akasema, "hata wewe unamtetea kwa lugha isiyoniuma. Mwanangu, mimi sina ugomvi na mchezo. Nina swali moja tu, na tangu mfike halijajibiwa. Siku vitu vikipotea humu, nitamfuata nani? Yule angalau..." akasita, akaona anakoelekea, akapindua. "Mtu mwenye watu ana pa kufuatwa. Leteni ndugu mmoja. Mmoja tu mwenye damu yake. Hata binamu wa mbali, hata wa simu. Bila hivyo chakula kitakaa jikoni."

Mama Fabrice akasimama. Alifanya hivyo kwa hatua mbili kama watu wa zamu wanavyosimama, kwanza mikono kwenye magoti, kisha mwili. "Fabrice," akasema, "nipe koti langu. Basi la kwenda kazini halingoji ukoo."

Fabrice alilichukua koti. Joyeuse alishika mkono mmoja wa lile koti, na wakabaki wameliinua katikati yao, hakuna anayelivuta. Mimi nilikuwa naokota vikombe. Kimoja kilikuwa na chai ya mtu ndani, kikanimwagikia suruali, na kwa mara ya kwanza siku ile sikuona mzaha wa kufanya. Nilitazama kikombe cha nne, kile cha nyumbani, nikaona ni afadhali ningelala.

"Wewe, Précieux," ilisema sauti kutoka kwenye kona.

Généreuse hakufumbua macho. Kichwa chake bado kilikuwa ukutani, mikono imelala mapajani, viganja juu.

"Yule aliyebeba sufuria yangu alikuja na basi zima la ukoo, ukawataja mmoja mmoja mpaka chakula kikapoa. Huyu kaja na mama yake na dereva. Kaa chini ule."